Ujira wa Kibarua Usilale Kwako



Juma hili tuzungumze juu ya mshahara. Wako Wakristu wanaodhani kwamba kazi ya Padri ni Misa, ubatizo na kitubio tu, na kwamba mapatano ya mwenye shamba na kibarua wake ni mambo ya dunia yasiyohusu dini. Lakini kila aliyesoma katekisimu anajua kwamba ziko dhambi ambazo kilio chake chafika mpaka mbinguni. Mojawapo ni kumwua mtu kwa makusudi, kama Kaini alivyomwua ndugu yake. Na nyingine ni kumnyima mfanya kazi ujira wake. Angalieni, basi, dhambi hii imewekwa pamoja na nini!

Wala jambo hili halikuanza jana. Musa aliwaamuru Waisraeli wamlipe kibarua siku ile ile, kabla jua halijatua, kwa kuwa ni maskini na moyo wake unautazamia ujira ule. Naye Mtume Yakobo aliwaonya matajiri kwamba ujira waliowanyima wavunaji unapiga kelele, na kelele hiyo imemfikia Mungu.

MAKULI WA LONDON

Katika karne ya 19 nchi za Ulaya zilijaa viwanda na mashine. Watu waliacha vijiji vyao wakaenda mijini kutafuta kazi. Wanaume, wanawake, hata watoto wadogo walifanya kazi saa nyingi viwandani na migodini. Mshahara ulikuwa mdogo, kwa sababu mlangoni siku zote walikuwapo wengine wenye njaa waliongoja nafasi. Wenye mali walisema mshahara ni bei tu, kama bei ya chumvi: wakiwa wengi wanaotafuta kazi, bei hushuka, na hakuna wa kulaumiwa. Wengine wakajibu kwa hasira kwamba dawa ni kuwanyang'anya wote mali yao, na kila kitu kiwe cha serikali.

Wachungaji wa Kanisa hawakunyamaza. Huko Ujerumani, Askofu Ketteler wa Mainz aliandika kitabu juu ya shida za wafanya kazi mwaka 1864. Huko Marekani, Kardinali Gibbons wa Baltimore alikwenda kuwatetea wafanya kazi wenye chama chao mbele ya wakubwa wa Roma, mwaka 1887, ili chama hicho kisikatazwe. Lakini habari iliyoenea zaidi ni ile ya makuli wa London.

Makuli hao hawakuwa na kazi ya kudumu. Kila asubuhi walisongamana kwenye malango ya bandari, na msimamizi akachagua awatakao. Aliyechaguliwa aliweza kufanya kazi saa moja au mbili tu, kisha akaambiwa aende zake. Aliyekosa alirudi nyumbani mikono mitupu. Mwezi wa Agosti mwaka 1889 waligoma. Walitaka nini? Peni 6 kwa saa mahali pa peni 5, na mtu akiajiriwa asipewe kazi ya chini ya saa 4. Ndiyo hayo tu!

Mgomo ukaendelea majuma kama manne. Watoto wakalala njaa. Ndipo Kardinali Manning, Askofu Mkuu wa Westminster, mzee wa miaka 81, alipotoka kwenda kuwapatanisha. Alizungumza na wenye bandari, akazungumza na makuli, ambao wengi wao walikuwa Wakatoliki kutoka Ireland. Katikati ya mwezi wa Septemba walipatana, makuli wakapata peni zao 6, wakarudi kazini. Mji mzima ulijua kwamba mzee yule mwenye joho jekundu alikuwa upande wa haki. Na sisi tusidhani ni habari ya mbali: makuli wa Mombasa na wa Dar es Salaam nao waligoma mwaka 1947.

BARUA YA PAPA LEO XIII

Miaka miwili baadaye, tarehe 15 Mei 1891, Papa Leo XIII alitoa barua kwa Kanisa lote juu ya hali ya wafanya kazi. Jina lake kwa Kilatini ni Rerum Novarum, maana yake, juu ya mambo mapya. Papa huyu ndiye aliyewaandikia Maaskofu wa Brazil mwaka 1888 juu ya kukomeshwa kwa utumwa. Ndiye pia aliyempa Kardinali Lavigerie, mwanzilishi wa Mapadri Weupe, kazi ya kuwaamsha watu wa Ulaya ili wapinge biashara ya watumwa iliyoziharibu nchi zetu. Aliyeona ubaya wa mnyororo aliuona pia ubaya wa mshahara usiotosha.

Papa alisema nini? Kwanza, kwamba mtu ana haki ya kuwa na mali yake, na mfanya kazi naye yafaa apate akiba, anunue hata kipande cha ardhi. Pili, kwamba tajiri asimfanye mfanya kazi kama mtumwa, wala asimtwishe mzigo upitao nguvu zake, wala asimnyime siku ya Bwana. Tatu, kwamba wafanya kazi wanaweza kuunda vyama vyao. Nne, kwamba mfanya kazi naye ana wajibu: aifanye kazi aliyopatana kwa uaminifu, asiharibu mali ya bwana wake, asitumie jeuri.

Lakini neno moja latupasa tulitafakari sana. Wenye viwanda walikuwa wakisema, "Sisi hatukumlazimisha mtu. Alikubali mwenyewe." Papa alijibu kwamba kukubali tu hakutoshi. Ujira lazima uweze kumtunza mtu mwenye kiasi na mwenendo mwema. Mtu akikubali mshahara mdogo kwa sababu ya shida, au kwa kuogopa mabaya zaidi, basi amelazimishwa na amedhulumiwa, hata kama hakuna aliyemshika mkono. Njaa ndiyo iliyomshika.

Papa Pius XI alipotimia mwaka wa 40 wa barua ile, yaani mwaka 1931, alieleza zaidi kwamba mshahara umtoshe baba pamoja na watu wa nyumba yake. Na mwaka 1955 Papa Pius XII aliweka Mei Mosi kuwa sikukuu ya Mtakatifu Yosefu Mfanya Kazi, ili siku ya wafanya kazi iwe na msimamizi aliyeshika randa na msumeno.

MKULIMA NAYE HAKUSAHAULIWA

Labda msomaji atasema, "Hayo ni ya watu wa viwandani. Sisi tuna majembe tu." Ngojeni. Mwaka 1961 Papa Yohane XXIII alitoa barua yake juu ya mambo haya haya, na sehemu kubwa aliwaandikia wakulima. Yeye mwenyewe alizaliwa katika kijiji cha Sotto il Monte, Italia. Jamaa yake walilima shamba la mwingine, wakagawana mavuno na mwenye shamba. Alijua jembe kwa macho yake.

Papa Yohane aliona kwamba watu wengi wanaikimbia kazi ya shamba kwa sababu wanaona haileti faida wala heshima. Akasema vijijini lazima pawe na barabara, maji safi, shule na matibabu. Mkulima apate mkopo na bei ya haki. Tena akawaambia wakulima wasingoje kuinuliwa na wengine tu, bali washikane, waunde vyama vya ushirika, wawe wao wenyewe watengenezaji wa maendeleo yao.

Baadaye, mwaka 1981, Papa Yohane Paulo II, ambaye katika ujana wake alivunja mawe machimboni huko Poland wakati wa vita, aliandika kwamba kazi ni kwa ajili ya mtu, si mtu kwa ajili ya kazi. Na mtu ni mkuu kuliko fedha na mashine. Na mwaka 2025, Papa mpya alipochagua jina la Leo XIV, alieleza kwamba alimkumbuka hasa Leo XIII na barua yake, maana siku hizi mashine mpya zinaanza tena kutikisa kazi za watu. Mti ni ule ule, unatoa matawi mapya.

NA SISI VIJIJINI?

Basi tutoke Roma turudi shambani kwetu. Wengi wetu tunalia, na tunalia kwa haki, kwamba mchuuzi anatujia na gunia la lumbesa, analijaza mpaka kilemba kinasimama juu, kisha analipa bei ya gunia moja. Ni dhuluma. Lakini tujiulize: mwezi wa palizi, tunapompima kibarua ngwe yake, je, hatua zetu hazirefuki? Na tunapomlipa kwa mahindi, je, debe letu halina bonde? Anayelia kwa sababu ya lumbesa asiwe na lumbesa yake ya siri.

Tena kuna neno baya sana katika vijiji vyetu, nalo ni "Njoo kesho." Kibarua amelima toka alfajiri. Nyumbani mkewe ameteleka maji, anangoja unga. Jioni anaambiwa, "Njoo kesho." Kesho anaambiwa, "Mahindi hayajauzwa." Mwisho anaona haya kurudi, naye mwenye shamba anashukuru kimoyomoyo kwamba deni limekufa. Halikufa! Mungu analo katika daftari yake. Mtu wa namna hii akienda kuungama, haitoshi kusema, "Nilimdhulumu mtu." Yampasa alipe.

Wengine watajibu, "Mimi pia ni maskini, nitatoa wapi?" Ni neno la kweli, na Mungu hadai kisichokuwapo. Lakini usiahidi usichoweza kutoa. Ukiwa na fedha ya vibarua wawili, usiite watano. Patana kwanza, mbele ya shahidi: ngwe kiasi gani, ujira gani, utalipwa siku gani. Kama huna kitu kabisa, fuata desturi njema ya wazee wetu, yaani ujima: leo kwangu, kesho kwako. Lakini tajiri asijifiche nyuma ya ujima kwa kuita watu kila mwaka kulima shamba lake huku yeye mwenyewe haendi kwa mtu.

Na wewe kibarua, usikie. Anayelima juu juu, akafukia majani kwa udongo badala ya kuyang'oa, naye ni mwizi. Majuma mawili baadaye majani yatamshitaki.

Mwisho, neno kwa wazazi. Wasichana wetu wengi wanachukuliwa mjini kuwa watumishi wa nyumbani. Anakuja mtu na sabuni na kanga, mama anafurahi, mtoto anaondoka. Je, mmeuliza atalala wapi? Atalipwa kiasi gani, na fedha itawekwa mikononi mwa nani? Atapumzika saa ngapi, na siku ya Dominika atapewa nafasi ya kwenda Misa? Kama ni mdogo wa kuwa shuleni, mwacheni shuleni. Na ninyi mnaokaa na mtumishi, kumbukeni kwamba kumwita "mwanangu" ni vizuri, lakini "mwanangu" si mshahara.

Jumamosi hii jioni, baada ya Rozari, baba na mama wakae pamoja wakaulizane swali moja: Je, yuko mtu yeyote ambaye jasho lake limelala nyumbani mwetu? Wakimkumbuka, wasingoje Jumatatu. Wampelekee haki yake, hata kama ni nusu kwanza, pamoja na neno la kuomba radhi. Ndipo Dominika wakienda kupokea Ekaristi, wataweza kukaa benchi moja na kibarua wao na kumtazama usoni.

Mtakatifu Yosefu, msimamizi wa wafanya kazi, awaombee ninyi nyote.