Mboga ya Elburgon haina kabila, lakini nyanya usiweke

Kila nikiposti mboga, lazima kuna mtu atauliza: hii ni ya kina nani? Ya Wakikuyu ama ya Wakalenjin? Pengine mwenye kuuliza anacheka tu. Lakini sisi watu wa Elburgon tunajua swali la "nyinyi ni kina nani" lilitufikisha wapi. Mwaka wa 1992, na tena 2008, watu wa huku Molo walitolewa kwa nyumba zao juu ya swali hilo hilo. Kwa hivyo mimi silichukulii kimzaha, hata likiandikwa chini ya picha ya kabeji.

Msimamo wangu ni huu. Mboga tamu zaidi ya kupika wakati huu wa jua, Januari na Februari, ni ile ya kuunganisha sufuria mbili. Moja ina managu na saget kama zinavyopikwa kwa Wakalenjin: unachemsha, unamwaga maji, unatia maziwa ama malai uchungu upungue. Ya pili ni kabeji, karoti na kitunguu, za kukaangwa chap chap, vile nyumba nyingi za Wakikuyu hapa mjini hupika.

Na kabla hujaniambia naharibu mila, kabeji na karoti zililetwa huku na walowezi wazungu. Nyanya na pilipili hoho asili yake ni Amerika. Bizari tuliizoea kwa maduka ya Wahindi. Mwenyeji hapo ni managu, inayoota yenyewe shambani bila kuulizwa kitambulisho.

Kuna sababu ingine ya kukaanga, na hii watu wengi hawaifikirii. Elburgon iko zaidi ya mita 2,300 juu ya usawa wa bahari. Maji huku huchemka yakifika kama digrii 92, si 100 kama Mombasa. Ndio maana githeri inamaliza makaa na bado mahindi ni magumu. Mafuta hayajali mwinuko. Yakishika moto, kabeji iliyokatwa nyembamba inaiva kwa dakika nne, tano hivi, gesi haijaumia. Ile kabeji ya kuchemshwa mpaka igeuke rangi ya gunia, wale tuliosoma bweni tunaijua, na vitamini C nyingi ilibaki kwa maji.

Sasa mpangilio, kwa sababu hapa ndipo watu huharibu. Karoti inaingia kwanza na kitunguu, kabeji inafuata, chumvi mwisho ndio isitoe maji. Moto uwe mkali na usifunike sufuria. Managu iwe imeshaiva kando na malai yake. Punguza moto, changanya, geuza mara mbili, toa.

Nyanya, hapana. Najua nitatusiwa. Kwetu Kenya mboga bila nyanya ni kama umefilisika. Lakini nyanya ina asidi, na asidi ikikutana na maziwa ya moto yanakatika, unabaki na vidonge vyeupe vinaelea. Mursik pia usiimwage kwa sufuria, tayari ni chachu. Iweke kwa kikombe, ndio mahali pake.

Mfuko nao una maneno yake. Kiangazi managu huwa haba, na fungu la mama mboga likipikwa linanywea linakuwa ngumi moja. Familia ya watu sita haiwezi kushiba hiyo. Ukiongeza nusu kabeji, sufuria inajaa na ladha ya managu bado iko. Kabeji zenyewe tunalima hapa, tunazipakia kwa malori ziende Nairobi, halafu tunaziona ni chakula cha matanga. Hiyo dharau siielewi kabisa.

Wazee wengine hawatakula, na sina shida nao. Mzee aliyezoea saget iliyolala usiku mzima na maziwa yake ana haki ya kukataa karoti. Mpakulie yake kabla hujachanganya. Ninaobishana nao ni vijana wa rika langu, waliozaliwa hapa hapa, wanaokula chipsi na smokie za kila mtu barabarani, halafu wakifika kwa mboga wanaanza kutafuta ukoo wa sufuria.

Ugali uwe mgumu kidogo, juu hii mboga ina mchuzi. Pilipili weka kwa sahani yako, watoto pia wanakula.