Nani Alifunga Uzi?

Karibu kila anayeeleza namna ya kupika braciole huanza kwa kutuhakikishia kwamba ni chakula rahisi, chakula cha maskini wa kusini mwa Italia. La umaskini nalikubali. La urahisi nalikataa, kwa sababu neno hilo limemficha mtu kwa zaidi ya miaka mia moja.

Kwanza tuelewane tunazungumzia nini. Braciole za Napoli ni vipande vyembamba vya nyama ya ng'ombe, mara nyingi ya paja, vilivyopondwa, vikajazwa vitu ndani, vikaviringishwa, vikafungwa kwa uzi na kupikwa polepole kwenye sosi ya nyanya. (Kwingineko Italia ukiagiza braciola utaletewa kipande cha nyama ya kuchoma, hizi za kuviringishwa huko huitwa involtini.) Ndani huwekwa vitunguu saumu, kotimiri, jibini kavu ya maziwa ya kondoo, zabibu kavu na mbegu za msonobari. Wengine huongeza chenga za mkate mkavu.

Akili iliyomo humo haina ubishi. Nyama ya paja ni ngumu. Ukiichoma harakaharaka utaitafuna mpaka taya ziume. Lakini sehemu ya ugumu huo ni kolajeni, protini ya tishu inayoshikanisha misuli, na kolajeni ikikaa muda mrefu kwenye moto mdogo wenye majimaji huyeyuka ikawa jelatini. Nyama inalainika, sosi inakuwa nzito. Kisha sosi hiyo hutangulia mezani juu ya tambi ili watu washibe, na nyama hufuata. Sufuria moja, milo miwili, nyama kidogo.

Sasa tuhesabu saa. Chukua vipande 8, vya watu 4. Kuviponda kwa mti wa kusukumia chapati hadi viwe na unene wa nusu sentimita, bila kuvitoboa, ni dakika 20. Kukatakata vya ndani, kujaza, kuviringisha na kufunga uzi ni dakika 40 kwa mkono uliozoea. Kuvikaanga pande zote hadi vipate rangi ni robo saa, na mpishi habanduki jikoni. Halafu sosi itokote kwa saa 2 au 3. Watu wa Napoli wana kitenzi chake, pippiare, kinachoiga mlio wa povu mojamoja linalopasuka juu ya sufuria. Wakati huo nyama inageuzwa, maji yanaongezwa, chumvi inaonjwa. Bado kutoa uzi, bado tambi, bado vyombo. Ni zaidi ya saa 4, kwa nyama isiyozidi kilo moja. Kilichookolewa kwenye bei ya nyama kimelipwa kwa saa za mtu. Mtu huyo, kwa sehemu kubwa ya historia ya chakula hiki, alikuwa mwanamke, na hakuna aliyeziandika saa zake popote.

Watu wa Napoli wenyewe walilijua hili. Mwaka 1959 Eduardo De Filippo aliandika tamthilia ya Sabato, domenica e lunedì, yaani Jumamosi, Jumapili na Jumatatu. Rosa anaanza kupika ragù siku ya Jumamosi kwa ajili ya mlo wa Jumapili, na mezani ugomvi wake na mumewe, Peppino, unalipuka mbele ya familia nzima. Kidonda kimoja cha Rosa ni kwamba mumewe alizisifia tambi za mke wa mtoto wao. Mtu anaweza kucheka: ugomvi wa tambi! Lakini kama malipo pekee unayopata kwa miaka yote ya kusimama jikoni ni sifa, basi sifa ikipelekwa kwa mwingine umenyang'anywa mshahara.

Kati ya mwaka 1880 na 1924, Waitalia wapatao milioni 4 walihamia Marekani, wengi wao kutoka kusini. Huko nyama ilipatikana kwa urahisi kuliko vijijini kwao, na braciole zikawa chakula cha Jumapili. Mjini New York wanawake wa familia hizo walishona nguo viwandani, au walichukua kazi nyumbani, kushona na kutengeneza maua ya bandia, wakilipwa kwa idadi. Ua lilikuwa na bei. Uzi wa kushonea koti ulikuwa na bei. Uzi wa braciole, uliofungwa na mikono ileile, haukuwa na bei.

Ndiyo maana sishangai kwamba mwaka 1972, katika mji wa Padova huko Italia, Mariarosa Dalla Costa, Selma James, Silvia Federici na wenzao walianzisha harakati ya kudai ujira kwa kazi za nyumbani. Hoja yao, kwa ufupi, ni kwamba mfanyakazi anayeingia kiwandani asubuhi kuna mtu aliyemlisha na kumfulia, na kazi ya mtu huyo nayo ni kazi. Unaweza kubishana nao juu ya ujira: nani alipe, kiasi gani. Juu ya saa zenyewe hakuna cha kubishana.

Najua jibu litakalokuja: alifanya kwa upendo. Sina shaka. Daktari naye anaweza kuipenda kazi yake, na hatujawahi kuufanya upendo huo sababu ya kutomlipa.

Wala haikuhitajika nadharia ili mtu aone. Pellegrino Artusi, aliyechapisha mwaka 1891 kitabu cha mapishi kilichopata umaarufu mkubwa Italia nzima, alikuwa na wasaidizi wawili nyumbani kwake, Marietta Sabatini na Francesco Ruffilli. Alipofariki mwaka 1911 aliwaachia hao wawili haki za kitabu hicho. Kama bwana wa karne ya 19 aliweza kuhesabu, sisi tunashindwa nini?

Maana jambo hili si la Napoli peke yake. Kijana wa Dar es Salaam anayeyaona mapishi haya leo, akapita buchani kununua steki, ndiye huyohuyo anayesema hakuna mkono kama wa mama, na hajawahi kuuliza mkono huo uliuma kiasi gani. Au anamwachia dada wa kazi aponde, afunge na kuosha, kisha yeye anapiga picha sahani na kuandika "nimepika".

Sitaki braciole ziachwe. Nataka zipikwe na anayezitamani. Ponda mwenyewe. Funga mwenyewe, uzi ukikatika, funga tena. Mkiwa familia, gawaneni: mmoja aponde, mmoja ajaze, mmoja aoshe vyombo. Ukimwajiri mtu, zilipe saa zake zote 4, na awe na kiti mezani. Halafu kuna jambo dogo ambalo maelezo ya mapishi hulimaliza kwa sentensi moja: kabla ya kupakua nyama, uzi lazima utolewe, kipande kwa kipande, nyama ikiwa bado inafuka moshi na vidole vikiungua. Wengine wakati huo wanakula tambi. Za anayetoa uzi zinapoa. Jumapili hii mtazame ni nani, kisha inuka umpokee mkasi.