Meli zilizopita nchi kavu Lualaba: waliozivuta wako wapi katika historia?

Siku hizi jina la Dilolo likitajwa, watu hufikiria njia ya Lobito: shaba na kobalti ya Kolwezi inavuka mpaka, inaingia Angola na kushuka hadi bahari ya Atlantiki. Mwaka 2023 Angola ilikabidhi sehemu yake ya reli kwa muungano wa makampuni kwa miaka 30. Sasa wakaaji wanasubiri upande wa Kongo, kutoka Tenke hadi Dilolo, utengenezwe. Lakini Lualaba ina deni la zamani la usafiri, na ni vema likumbukwe kabla ya kazi kuanza.

Deni hilo ni la mwaka 1915. Vita Kuu ya Kwanza ilipoanza, Wajerumani walitawala ziwa Tanganyika. Agosti 1914 meli yao Hedwig von Wissmann iliharibu meli ya Wabelgiji, Alexandre Delcommune, kwenye mwambao wa Kongo. Waingereza wakatuma boti mbili ndogo za doria, zenye urefu wa mita 12 hivi, chini ya kamanda Geoffrey Spicer-Simson. Ziliitwa Mimi na Toutou. Mimi hapa si neno la Kiswahili; ni majina ambayo watoto wa Kifaransa huwaita paka na mbwa.

Kutoka Cape Town boti hizo zilipanda treni hadi Elisabethville, Lubumbashi ya leo, kisha Fungurume. Hapo reli ikaisha. Ile ya Dilolo ilikuwa bado ndoto. Ilikamilika mwaka 1931. Kwa hiyo boti zikaburutwa nchi kavu, zaidi ya kilomita 200, kupitia milima ya Mitumba hadi Sankisia, kwa matrekta mawili ya mvuke, ng'ombe na mikono ya watu. Raia walikata miti, wakafungua barabara, wakajenga madaraja zaidi ya 100. Maji ya matrekta yalipokosekana, akina mama wa vijiji waliyabeba kichwani. Baada ya Bukama, boti zilifuata mto Lualaba hadi Kabalo, kisha treni hadi ziwani.

Matokeo yanajulikana. Tarehe 26 Desemba 1915 boti hizo ziliteka meli ya Kijerumani Kingani, ambayo Waingereza waliipa jina Fifi. Tarehe 9 Februari 1916 Fifi na Mimi zilizamisha Hedwig von Wissmann. Julai mwaka huo Wajerumani walizamisha wenyewe meli yao kubwa, Graf von Götzen, karibu na Kigoma. Iliibuliwa mwaka 1924 na kurudi kazini mwaka 1927 kwa jina la Liemba.

Kamanda alipewa nishani. Hata meli zina majina na tarehe. Waliozivuta husimuliwa kama kundi tu: wapagazi, vibarua, wanawake wa maji.

Wapo watakaosema vita hivyo vilikuwa vya wazungu, havituhusu. Ni kweli, raia wa Lualaba hawakuulizwa. Ndiyo sababu kazi yao inastahili kukumbukwa zaidi ya nishani ya kamanda: walilipia ugomvi wa wengine kwa migongo yao.

Serikali ya jimbo inaweza kuweka jiwe la kumbukumbu Fungurume, na walimu wakafundisha safari hiyo mashuleni. Hiyo si gharama kubwa. Lililo gumu zaidi, na la haraka zaidi, ni reli ya Tenke hadi Dilolo. Atakayepewa kazi hiyo aandike kila mfanyakazi kwa jina, kijiji chake, mkataba na mshahara, pamoja na wale watakaoumia au kufa kazini. Na daftari hilo lisifungiwe Kinshasa; nakala ibaki Dilolo, mahali ambapo familia zinaweza kulisoma.