MWANDISHI ALIYEKAA MLANGONI PA BARAZA



Wengi wetu tufunguapo gazeti twatafuta kwanza habari za wakubwa: Rais kasema nini, Waziri kaenda wapi. Mabaraza ya kaunti zetu 47 yapo tangu mwaka 2013, lakini habari zake twazipita haraka kama matangazo ya mnada. Twaona hilo ni kosa, na ndiyo sababu leo twamtaja Bibi Molly Ivins wa jimbo la Texas, Marekani, aliyefariki tarehe 31 Januari 2007 baada ya kuandika siasa za jimbo lake kwa miaka mingi.

Fahamuni kwamba huko kila jimbo lina Baraza lake la kutunga sheria, na mambo mengi ya kazi huamuliwa hapo. Sheria ya Texas ya mwaka 1947 yasema mtu asilazimishwe kuingia chama cha wafanyakazi ili apate kazi. Mpaka leo mwenye kampuni aweza kukataa kuchukua bima ya fidia kwa wale wanaoumia kazini. Na watungaji wa sheria hizo hulipwaje? Baraza hukutana siku 140 tu kila miaka miwili, na mjumbe hupata dola 600 kwa mwezi, pamoja na posho ya siku za kikao. Mtu mzima haishi kwa fedha hizo. Ndipo watu waliotumwa na makampuni hujitokeza na karamu za jioni.

Bibi Ivins alilelewa Houston katika nyumba yenye mali. Baba yake alikuwa mkubwa katika kampuni ya mafuta na gesi. Hakuwa mtoto wa kibarua, wala hatutamfanya awe. Mwaka 1970 alijiunga na Texas Observer, gazeti dogo la Austin lisilo na fedha, akawa mmoja wa wahariri wake wawili. Alikaa Barazani akisikiliza, kisha akaandika wajumbe walivyosema, na wasomaji wakacheka mpaka wakaanza kuuliza nani alilipia chakula.

Mwaka 1976 akaenda New York Times. Jina likawa kubwa, lakini wahariri walizisafisha habari zake mpaka maneno yake ya kinyumbani yakatoweka. Mwaka 1982 akarudi kwao kuandika safu katika Dallas Times Herald. Ni wachache wangeliacha gazeti kama lile kwa ajili ya siasa za jimbo.

Huko Dallas alimfanyia mzaha mjumbe mmoja, akamfananisha akili yake na mmea wa kumwagiliwa maji. Wenye matangazo ya biashara wakachukizwa. Badala ya kumfukuza, gazeti likabandika mabango barabarani yakiuliza kama kweli aweza kusema hayo! Swali hilo alilifanya jina la kitabu chake cha mwaka 1991. Desemba mwaka huo huo gazeti likafungwa, naye akahamia Fort Worth Star-Telegram. Mwishowe safu yake ilichapishwa na magazeti karibu 400.

Alikosa pia. Mwaka 1995 alishitakiwa na mwandishi mwenziwe, Florence King, kwamba ametumia maneno yake bila kumtaja ipasavyo. Akaomba radhi.

Lile gazeti dogo la Austin nalo lina habari yake. Machi 2023 halmashauri ya wakuu wake iliamua kulifunga na kuwaachisha kazi watu wote, na wafanyakazi wakapata habari hiyo kwa kuisoma katika gazeti jingine. Hawakufungasha. Walitoa mwito kwa wasomaji, na kwa siku chache tu zikachangwa zaidi ya dola 200,000. Halmashauri ikabatilisha uamuzi wake kabla ya wiki kwisha.