Bahasha Isiyo na Jina

Ndugu msomaji, kabla hujaendelea na safu yetu ya leo, tafadhali inuka kidogo. Fungua kabati, mkoba au kopo ambamo watu wa nyumbani mwako huweka dawa, uvitoe vile vijibahasha mlivyopewa hospitali au dukani, na usome kilichoandikwa juu ya kila kimoja. Aghalabu utakuta "1x3" au "2x2", na pengine jina la mgonjwa. Je, jina la dawa lipo? Kama lipo, rudi ukae usome kwa utulivu. Kama halipo, basi habari ya leo inakuhusu wewe.

Shangazi yangu anaishi Msangeni, katika milima ya Upare. Watu wa huko hawana haja ya kuelezwa habari za magoti, kwani kwenda shamba ni kushuka na kurudi nyumbani ni kupanda, tena na mzigo kichwani. Miaka michache iliyopita, akiwa na umri wa miaka sabini na miwili, magoti yake yalivimba hata akashindwa kwenda kanisani. Jirani mwema akamletea kutoka mjini vidonge alivyoviita "vya magoti". Siku ya tatu Shangazi alipanda kilima bila fimbo, akawa anamsifu Mungu na jirani kwa pamoja.

Vidonge vya kwanza vilikuja katika karatasi yake ya kiwandani yenye kung'aa. Vilivyofuata vilinunuliwa kwa kuhesabiwa, vikatiwa katika bahasha nyeupe iliyoandikwa "1x3", basi. Miezi minane ikapita. Uso wake ukajaa, ukawa mviringo kama mwezi, na kila aliyekutana naye alisema, "Shangazi, umenawiri!" Hakuna aliyeshuku lolote. Kisha zikaja mvua za masika, aliyekuwa akitumwa mjini hakusafiri, vidonge vikaisha. Siku ya nne Shangazi hakuweza kuinuka kitandani. Alitapika, aliona kizunguzungu, na sauti yake ikawa kama ya mtu anayezungumza kutoka mbali.

Tulimteremsha hospitali. Daktari akauliza swali moja: "Amekuwa akitumia dawa gani?" Tukampa ile bahasha. Akaisoma, akaigeuza upande wa pili, nao ulikuwa mtupu.

Nikampigia simu binamu yangu aliyebaki nyumbani, nikamwambia apekue kila mahali. Baada ya muda mrefu akapata, ndani ya kopo la majani ya chai wanamowekea sindano na nyuzi, kipande cha ile karatasi ya kwanza. Jina lilimshinda kutamka, akawa analitaja herufi moja moja: P, R, E, D, N, I... Nami nikawa nayarudia kwa sauti. Kabla hajafika mwisho, daktari alikwisha kumwita muuguzi. Shangazi akatundikiwa maji pamoja na dawa ya haidrokotisoni. Kesho yake jioni alikuwa akiuliza ni nani aliyemkatia ng'ombe wake majani.

Herufi zile zilikuwa za jina Prednisolone, nasi tutaliandika kwa Kiswahili prednisoloni. Ni jina linalopatikana katika maelfu ya nyumba zetu, nalo lina maana. Hebu tulifumbue.

JINA NA MAANA YAKE

Juu ya kila figo ya binadamu pana tezi ndogo iliyokaa kama kofia. Tezi hiyo ina kiini na ina ganda. Ganda lake hutengeneza homoni ambazo bila hizo mtu hawezi kuishi: hulinda shinikizo la damu, huamua jinsi sukari inavyotumika mwilini, hutuliza uvimbe, na hutupa nguvu ya kustahimili maradhi na misukosuko. Neno homoni lenyewe lilianza kutumika mwaka 1905, nalo mtaalamu wa Uingereza Ernest Starling ndiye aliyelitangaza, kutokana na neno la Kigiriki lenye maana ya kuchochea au kutia mwendo. Steroidi ni jina la ukoo mkubwa wa kemikali ambao homoni hizi zimo. Asili yake ni neno la Kigiriki lenye maana ya kitu kigumu, kwa sababu ndugu mmoja wa ukoo huo, kolesteroli, alitambuliwa kwanza katika vijiwe vya nyongo.

Ganda kwa Kilatini huitwa cortex. Kwa hiyo homoni moja ya ganda hilo ilipotolewa kuwa dawa ilipewa jina la kotisoni. Mwezi Septemba mwaka 1948, katika Kliniki ya Mayo mjini Rochester, Marekani, daktari Philip Hench alimdunga dawa hiyo mwanamke kijana aliyelemazwa na ugonjwa wa viungo. Baada ya siku chache tu mgonjwa huyo alikuwa akitembea. Mwaka 1950 Hench, mkemia Edward Kendall, na Tadeus Reichstein wa Uswisi walipewa Tuzo ya Nobel. Lakini muda haukupita mrefu kabla madaktari hawajaona upande wa pili: dawa ikiachwa maumivu hurudi, na ikitumika kwa muda mrefu mwili huanza kuharibika.

Hapa, ndugu msomaji, pana jambo ambalo wengi wetu hatukulisikia shuleni. Mwanzoni kotisoni ilitengenezwa kwa taabu kubwa kutokana na nyongo ya ng'ombe. Wataalamu wakatafuta mimea itakayowapa malighafi rahisi. Meksiko ilikuwa na viazi vikuu vya mwituni, nasi tulikuwa na mkonge. Katika maji yanayotoka jani la mkonge linapokamuliwa imo kemikali iitwayo hekojenini, na katika miaka ya 1950 kampuni ya Glaxo ya Uingereza ilitumia hekojenini ya mkonge wa Afrika Mashariki kutengeneza dawa za jamii hii. Katika jani la mkonge, nyuzi ni kiasi cha sehemu nne tu katika mia. Zilizobaki zilihesabiwa kuwa takataka, na harufu yake wanaijua vizuri wote waliokulia kando ya reli ya Tanga. Katika takataka hiyo ndimo ilimokuwa malighafi ya dawa iliyouzwa ulimwenguni kote.

Katikati ya miaka ya 1950 wakemia waliibadili kotisoni kidogo, wakapata dawa zenye nguvu zaidi: prednisoni na prednisoloni. Majina haya yalishonwa kwa viraka. Kiraka cha kwanza, "pre", kimetoka katika jina la kundi la kemikali liitwalo pregnani, lenye asili ya neno la Kilatini la ujauzito, kwa kuwa kemikali ya kundi hilo ilipatikana katika mkojo wa wajawazito. "D" na "n" zinaonyesha kuwa mahali pawili atomi zimefungamana kwa vifungo viwili viwili. Mwisho wa jina umeazimwa kwa kotisoni. Kirakaa "ol", kinachotofautisha prednisoloni na nduguye prednisoni, ni kile kile kilicho katika neno alkoholi, nacho hutaja tu namna oksijeni na haidrojeni zilivyoshikamana. Dawa hii hailevi. Nilipomweleza Shangazi haya yote alinitazama kwa muda, kisha akasema, "Mwanangu, na umri huu mlinipa dawa ya mimba?" La, Shangazi, ni asili ya jina tu, kama vile mtu aitwaye Masika si lazima awe na mvua.

JINA LA DAWA NA JINA LA BIASHARA

Kila dawa ina majina mawili ya kuangaliwa. La kwanza ni jina la kimataifa, ambalo ni mali ya watu wote. Shirika la Afya Duniani lilipitisha utaratibu wa majina hayo mwaka 1950 na kutoa orodha ya kwanza mwaka 1953. Kwa utaratibu huo silabi fulani ni alama ya ukoo: ukiona "pred" katika jina la dawa, jua kwamba uko katika jamii ya prednisoloni. La pili ni jina la biashara, ambalo ni mali ya kiwanda, nalo hubadilika kutoka kiwanda hadi kiwanda. Juu yake mitaani tumeongeza jina la tatu, la utani: vidonge vya magoti, vya kunenepa, vya hamu ya kula. Jina hili la tatu husema tunachokitamani, halisemi tunachokimeza.

Nguvu za ndugu hawa hazilingani. Miligramu 5 za prednisoloni hufanya kazi sawa na miligramu 20 za haidrokotisoni, na sawa na robo tatu tu ya miligramu moja ya deksamethasoni. Kwa hiyo mtu asibadilishe kidonge kwa kidonge akidhani kilicho kidogo ni dhaifu.

FAIDA NA MADHARA

Nisieleweke vibaya. Hizi ni dawa njema sana. Mgonjwa wa pumu aliyezidiwa huokolewa nazo. Mama anayekaribia kujifungua kabla ya wakati, akiwa katika hospitali yenye huduma inayofaa, huweza kudungwa deksamethasoni ili mapafu ya mtoto yakomae. Utafiti mkubwa uliothibitisha faida hiyo, uliotolewa mwaka 2020, ulihusisha hospitali za Kenya pia. Mwezi Juni mwaka huo huo, Uingereza ilitangaza kwamba deksamethasoni ilipunguza kwa theluthi moja vifo vya wagonjwa wa Uviko waliokuwa wakipumua kwa mashine. Lakini wale ambao hawakuhitaji oksijeni haikuwafaa kitu. Dawa ni ile ile. Tofauti ni nani anapewa, lini, na kwa sababu gani.

Ikitumika ovyo kwa muda mrefu, hupandisha sukari na shinikizo la damu, hudhoofisha mifupa, huleta mtoto wa jicho, hudumaza watoto, na hupunguza kinga hata kifua kikuu kilicholala kikaamka. Kule kunawiri kwa Shangazi hakukuwa afya. Hata hivyo wapo vijana mijini wanaovinunua vidonge hivi kwa makusudi ili wanenepe. Wapo pia wanaojipaka mkorogo wenye betamethasoni au klobetasoli, ambazo ni ndugu wa damu wa prednisoloni, mpaka ngozi inakuwa nyembamba na kuchanika. Sheria zetu zimepiga marufuku vipodozi vyenye steroidi, lakini sheria haiwezi kusimama mbele ya kioo cha kila nyumba.

Na kwa nini Shangazi alianguka dawa ilipoisha? Chukua mfano wa mpishi wa nyumbani. Akiona kila siku chakula kinaletwa tayari kutoka hotelini, atazima moto, na kuni zitaliwa na mchwa. Siku hoteli ikifungwa ghafula, jiko ni baridi na watoto wana njaa. Tezi zetu nazo, zikiona homoni inakuja kila siku kwa mdomo, huacha kazi, na kuziamsha huchukua majuma au miezi. Dozi ya siku chache ya pumu aghalabu haina shida hiyo. Lakini aliyetumia dawa hizi kwa zaidi ya majuma matatu hivi asiziache mwenyewe kwa ghafula. Ni daktari atakayempunguzia kidogo kidogo.

TUFANYE NINI?

Mambo ni machache, nayo hayagharimu fedha. Unapopewa dawa, uliza: "Inaitwaje?" Omba jina la kimataifa liandikwe juu ya bahasha, pamoja na miligramu zake. Kama mtoa dawa ana haraka, toa kalamu yako uandike mwenyewe. Kipande cha karatasi ya kiwandani chenye jina usikitupe mpaka dawa iishe, wala usinunue dawa ambayo muuzaji hataki kuitaja. Anayetumia steroidi kwa muda mrefu awajulishe jamaa zake, na kila anapokwenda kutibiwa ugonjwa mwingine, au kupasuliwa, amwambie mganga.

Na wewe unayetumikia dirisha la dawa, ndugu yangu, najua foleni ni ndefu na mchana ni moto. Lakini kuandika neno moja huchukua muda mfupi kuliko ule tuliokaa sisi kwenye simu, tukingoja kopo la majani ya chai lifunguliwe.

Shangazi bado yupo Msangeni. Magoti yake yanatibiwa kwa njia nyingine, na kilima anakipanda polepole na fimbo yake. Uso umerudi kuwa wake. Nilipomtembelea mara ya mwisho nilimwamkia, "Shikamoo Shangazi," akaitikia, "Marahaba mwanangu," kisha kabla sijakaa akanionyesha bahasha mpya ya dawa. Jina lilikuwa limeandikwa kwa herufi kubwa, kwa mkono wake mwenyewe unaotetemeka.

Wahenga walisema asiyeuliza hanalo ajifunzalo. Lile kabati ulilolifungua mwanzoni, ndugu msomaji, usilifunge bado. Kama umekuta bahasha isiyo na jina, kesho irudishe ulikoipata ukaulize, wala usiache kuimeza dawa hiyo kabla hujajibiwa. Tukutane Jumapili ijayo.