Mahakama ikisema "fikirieni upya", mfanyabiashara hajashinda bado

Wafanyabiashara wengi wanaoishitaki mamlaka ya forodha hutoka mahakamani na karatasi, si fedha. Jaji hasemi ushuru urudishwe wala mzigo uachiwe. Huiagiza mamlaka ilifikirie upya shauri kwa kufuata uamuzi uliokwisha kutolewa na mahakama ya juu. Je, agizo hilo likatiwe rufaa au lisubiriwe?

India, ambako maagizo ya aina hii ni ya kawaida, imetoa mafunzo mawili.

La kwanza ni la mwaka 2006, katika kesi kati ya shirika la usafiri wa barabara la jimbo la Andhra Pradesh na vibarua waliotaka ajira ya kudumu. Mahakama ya Juu ya India ilieleza kuwa neno "fikirieni" halina uzito mmoja. Ikiwa mahakama imekwisha kuamua haki ya mlalamikaji, mamlaka haina budi kufuata. Ikiwa haikuamua, mamlaka ina uhuru wa kukubali au kukataa.

Funzo la pili linawagusa waagizaji bidhaa moja kwa moja. Machi 2021, katika kesi ya kampuni ya Canon India iliyoagiza kamera, Mahakama hiyo ilisema maofisa wa upelelezi wa mapato hawakuwa na mamlaka ya kutoa notisi za kudai ushuru uliopungua. Waagizaji wengine waliegemea uamuzi huo kupinga madai yao. Novemba 2024 Mahakama ikaupitia upya na kuugeuza. Notisi zilizokuwa zikipingwa Mahakama Kuu kwa hoja hiyo zilirudishwa forodhani zisikilizwe. Waliokuwa wamepeleka Mahakama Kuu maamuzi ya forodha kwa hoja hiyo hiyo walipewa wiki 8 kukata rufaa kwenye baraza la rufaa za forodha.

Maana yake ni kwamba uamuzi unaotegemewa leo unaweza kuanguka wakati faili bado liko mezani. Agizo likiwa limeacha wazi hoja kuu, kama vile thamani ya bidhaa au kundi lake la ushuru, mfanyabiashara ana sababu ya kufikiria rufaa mapema. Likiwa limeamua hoja hiyo kwa faida yake, rufaa yaweza kuwa kupoteza muda.

Kwa Afrika Mashariki, kalenda ndiyo hatari kubwa zaidi. Sheria ya Usimamizi wa Forodha ya Jumuiya ya mwaka 2004 inatoa siku 30 za kumwomba Kamishna aupitie uamuzi wa ofisa wake. Naye asipojibu ndani ya siku 30, ombi huhesabiwa limekubaliwa. Akikataa, mlalamikaji ana siku 45 tangu kupokea uamuzi kwenda kwenye baraza la rufaa za kodi.

Kwa hiyo nakala ya agizo, tarehe ya kulipokea na muhuri wa kupokelewa kwa barua forodhani ni mali. Asiye navyo anaweza kuwa na haki na bado akaukosa mzigo wake.