Ngoma Huanzia Msituni

Tunaposifu ngoma, aghalabu twamsifu mpigaji na mchezaji. Ni wachache wakumbukao kuuliza gogo lilikatwa wapi. Swali hilo twaona yafaa liulizwe sasa, na pa kuliulizia ni Ngara na Biharamulo.

Bugufi, ambayo leo ni sehemu ya Ngara, ilikuwa chini ya mfalme wa Burundi mpaka wakoloni walipoikata na kuitia Tanganyika baada ya Vita Kuu ya 1914-1918. Lugha na desturi za Wahangaza zakaribiana sana na za Warundi. Ngoma kubwa ya Kirundi huchongwa katika gogo moja la mringaringa, likakombwa ndani na kuwambwa ngozi ya ng'ombe. Warundi wenyewe huuita mti huo umuvugangoma, yaani mti uifanyao ngoma inene. Basi sauti ile si kazi ya mkono wa fundi peke yake. Ng'ombe wa vilima vile wamo, na mti wa mabonde yale umo.

Biharamulo nako ni vivyo hivyo. Katika nchi ya Wazinza wahunzi waliyeyusha mawe ya chuma kwa makaa ya miti, wakafua majembe yaliyonunuliwa hata Usukumani. (Wako wasemao mhunzi si msanii, hao hawajapata kushika jembe lililofuliwa vizuri.) Majembe ya viwanda vya Ulaya yalipojaa madukani, tanuri zikazimika.

Mwaka 1962 Mwalimu Nyerere aliwasuta wasomi waliojua rumba na chachacha lakini hata jina la Gombe Sugu hawakulisikia. Alisema kweli. Lakini twaweza kuyajua majina yote ya ngoma zetu na bado tukakosa gogo la kuchonga.

Mwishoni mwa Aprili 1994, watu zaidi ya 200,000 waliokimbia Rwanda walivuka daraja la Rusumo kwa muda wa siku moja hivi, wakapiga kambi Benaco. Miti ya vilima vya Ngara ikawa kuni na nguzo za vibanda. Hatuwalaumu: mtu aliyekimbia kifo hana budi kupika. Tunalosema ni kwamba hasara ile ilihesabiwa kwa kuni na mmomonyoko wa udongo, wala fundi wa ngoma hakuhesabiwa.

Kwa hiyo twawataka wenye kusimamia utamaduni na wenye kusimamia misitu wakae meza moja. Mringaringa huoteshwa kwa mbegu, na ni kivuli kizuri cha kahawa, ambayo mkulima wa Ngara anayo tayari shambani. Matawi ya chama katika wilaya zote mbili yana vijana na yana ardhi ya kuoteshea miche. Mvua za vuli zijazo zisipite bure.